Mkuki wa Ajabu Huanza na Sharti: Namna ya Kuufua Mkuki wa Hadithi Yako

Kabla hujaandika kwamba mkuki wa shujaa wako unatema radi, andika kwanza kitu ambacho mkuki huo unamkatalia. Nguvu utazipata baadaye, tena bila jasho. Katika hadithi za kubuni hakuna kitu cha bei rahisi kuliko nguvu: radi, moto, sumu, barafu, chukua utakacho. Sharti ndilo linaloumiza kichwa, na ndilo litakalomfanya msomaji asubiri sehemu inayofuata.

Mimi ni fundi wa kuchomelea hapa Moshi. Mchana ni mageti, madirisha na matela. Usiku naandika hadithi za mfululizo ambazo watu wanazisoma kwenye simu. Dunia ninayoiandika inaitwa Ombaye, nchi ya makorongo na ukungu ambako mvua ina wenyewe: kila wingu lina ukoo unaolimiliki, na ukoo usio na wingu hununua maji kwa watoto, kwa ng'ombe au kwa aibu. Humo ndani kuna mkuki uitwao Nirudishe. Wasomaji wananiuliza habari za mkuki huu kuliko wanavyouliza nani ataoana na nani, na wengine wanataka kujua namna ya kuunda wa kwao. Njia yangu ni hii. Haifuati vitabu vya darasani, inafuata karakana.

Sharti kabla ya nguvu

Sisi hatuamini dawa isiyo na mwiko. Mganga akikupa kitu akakwambia, "Tumia tu mwanangu, hakina masharti," utatoka pale ukijua pesa yako imeliwa. Akikwambia usivuke mto kabla ya jogoo kuwika, usitazame nyuma, usile nyama ya mnyama fulani, hapo unakaa sawa kwenye kigoda. Msomaji wako amelelewa humo humo. Mpe masharti naye atauamini mkuki.

Sharti la Nirudishe liko hivi. Ukiurusha, haukosi. Jicho lako linapofika, nao unafika. Lakini aliyeurusha lazima aufuate kwa miguu yake mwenyewe na kuung'oa kwa mkono wake kabla jua la siku ya tatu halijazama. Mtu mwingine akiwahi kuung'oa, jina la mrushaji linamhamia huyo aliyeung'oa. Mama mzazi atamtazama mwanawe mlangoni asimjue, na mgeni ataitwa ndani kwa jina la yule mwana, atapewa kiti chake na chakula chake.

Sikusema mkuki unarushwa mara tatu tu kwa siku. Sikusema unamchosha anayeutumia. Masharti ya aina hiyo ni ya mita ya umeme, yanakata tu huduma. Hapa nguvu yenyewe ndiyo inayozaa deni: kadiri unavyorusha mbali ndivyo unavyotembea mbali. Ukimpiga mfalme aliyesimama kwenye kilima cha pili umeshamwua, sawa, lakini sasa mkuki wako umesimama katikati ya askari wake, na siku tatu zimeanza kuhesabika.

Ukishapata sharti lako, lihoji.

Je, linamwinua mhusika kitini? Mwiko wa kutokula samaki ni mwiko halali kabisa, babu zetu wanao, lakini shujaa akikaa nyumbani akala maharage hakuna hadithi. Tafuta sharti linalomtoa mtu nje.

Je, mtu mwema anaweza kulivunja kwa sababu njema? Hapa nakuomba ukae kidogo na Lwanda Magere. Wajaluo wanasimulia kwamba shujaa huyu wa Kano alikuwa na mwili wa jiwe. Mikuki ya Wanandi ilimgonga ikaanguka. Adui zake wakamwoza binti yao kwa jina la kutafuta amani. Siku moja Magere akaugua, akamwambia yule mke achanje dawa, lakini asichanje mwili, achanje kivuli chake. Kivuli kikatoka damu. Mke akatoroka usiku kurudi kwao na habari hiyo, na katika vita vilivyofuata mkuki ulielekezwa kwenye kivuli. Ulikuwa mkuki wa kawaida, wa mtu wa kawaida. Siri ilitoka kwa sababu mgonjwa alihitaji kuhudumiwa na mkewe. Hakuna ujinga hapo wala kiburi. Na usiwe mwepesi wa kumhukumu huyo mke: alikuwa binti wa watu waliokuwa wakizika vijana wao kila msimu. Mkiniuliza mimi, yeye ndiye mhusika mkuu.

Je, siri inajulikana na nani, na ilimfikiaje? Fumo Liyongo, katika masimulizi ya pwani ya kaskazini ya Kenya, hakuuawa kwa silaha yoyote ila kwa kitu cha shaba kilichochomwa kitovuni. Mfalme wa Pate akamtuma mtoto wa Liyongo mwenyewe kwenda kumdadisi baba yake. Liyongo alijua mtoto ametumwa. Akamwambia. Sijawahi kupita mahali hapo bila kusimama. Ungeweza kumpa adui yako jasusi, kioo cha kichawi au jini wa kusikiliza ukutani, na usifike hata nusu ya uzito wa baba anayejibu swali huku akijua jibu linapelekwa wapi.

Swali la mwisho waandishi wengi wanalisahau: nani ananufaika sharti likiwepo? Anayetoa silaha yenye masharti halaumiwi silaha ikishindwa. Atasema tu, "Mlivunja." Hili nalisema kwa uangalifu, maana kusini mwa nchi yetu si hadithi. Watu walipewa maji ya Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe pamoja na masharti ya kujizuia, na vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907 viliacha makaburi ya maelfu kwa maelfu, wengi wakiuawa na njaa baada ya Wajerumani kuchoma mashamba na maghala. Maji yaliposhindwa kuzuia risasi, wapo waliosema masharti hayakushikwa. Usiichukue vita ile ukaigeuza pambo la dunia yako. Chukua swali lake tu. Katika Ombaye, koo zenye mvua ndizo zilizotangaza sharti la Nirudishe, na kuna mzee mmoja anayeuliza katika sehemu za mwanzo kabisa: nani aliwahi kulihakikisha?

Chuma kitoke mahali

Hapa ndipo fundi ndani yangu anapopandisha sauti. Hadithi nyingi ninazosoma zina mkuki "uliofuliwa kwa chuma cha nyota", basi, wanapita. Nani aliufua? Alikuwa na mkaa wa mti gani? Nani alikatazwa kusogea karibu na tanuru?

Ukitaka kuona uchawi wa chuma usiende mbali. Ufipa, wahunzi walijenga tanuru la udongo lenye kimo cha karibu mita 3, linaitwa ilungu, lisilohitaji mivukuto. Hewa iliingia yenyewe kwa matundu ya chini, ikavutwa juu na moto. Kilichotoka humo hakikuwa chuma safi. Kilipelekwa kwenye tanuru dogo liitwalo kintengwe, na hapo ndipo mivukuto ilipofanya kazi. Tanuru kubwa lilitendewa adabu ya mwanamke: kwanza bibi harusi, kisha mama anayejifungua chuma. Wayeyushaji walijitenga na wake zao kwa muda wote wa kazi. Unaona sharti lilivyoanza kabla mkuki haujawa mkuki?

Ukienda Buhaya utakuta tanuru la namna nyingine. Mwaka 1978 Peter Schmidt na Donald Avery walichapisha utafiti wao baada ya wazee wa Kihaya, waliowahi kufanya kazi hiyo ujanani, kujenga tanuru upya na kuyeyusha mbele yao. Shimo la chini lilijazwa manyasi ya kinamasi yaliyounguzwa, na mabomba ya udongo ya kupitishia hewa yaliingizwa ndani kabisa ya tanuru, hivyo upepo wa mivukuto ulipata joto kabla haujagusa mkaa. Kama hujawahi kushika moto wa mkaa kwa mikono yako unaweza usione ukubwa wa jambo hili. Mimi niliposoma mara ya kwanza niliweka grinda chini.

Na huko huko Buhaya, mahali paitwapo Katuruka, kuna zawadi kwa mwandishi. Watu wa pale wanasimulia kwamba mfalme Rugomora Mahe aliwaita wahunzi wamjengee mnara wa chuma wa kupanda hadi mbinguni, akaone kuna nini. Mnara ukaanguka. Mahali penyewe panaonyeshwa, penye mti mkubwa. Waakiolojia walipochimba wakakuta mabaki ya ufuaji wa chuma wa zaidi ya miaka 2,000. Kwa hiyo hadithi iliyoonekana ya kuwafurahisha watoto ilikuwa imekalia chuma kweli. Fanya hivyo katika dunia yako: mkuki uwe na mahali panapoonyeshwa kwa kidole. Jiwe la Lwanda Magere lipo Kano, na wawindaji walilinoa mikuki yao wapate bahati. Nimeiba wazo hilo mchana kweupe. Ombaye kuna mwamba wenye mtaro, vijana wananolea hapo, na hakuna kati yao aliyewahi kumwona Nirudishe.

Huku kwetu Kilimanjaro, wahunzi wa Mamba bado wanafua mikuki kwa nyundo na mivukuto, na tangu zamani Wamasai wamekuwa wateja wao. Mhunzi wa Kichagga aliogopwa kwa laana, na nyundo yake haikuchezewa na mtu. Siku hizi malighafi ni springi za magari, zile chuma bapa zinazopangwa chini ya Land Rover na malori. Ni chuma kizuri, kina kaboni ya kutosha kukubali kukaza. Ukitaka kuandika ufuaji usioaibisha, jua haya machache. Chuma kikiiva vya kutosha, sumaku haikishiki tena. Hilo linatokea karibu na nyuzi 770 za Selsiasi, na fundi asiye na kipimo anatumia sumaku aliyoitoa kwenye spika mbovu. Kinaongezewa moto kidogo, kinazamishwa kwenye mafuta. Sasa ni kigumu lakini kinavunjika ukikiangusha sakafuni. Kinasafishwa king'ae, kinarudishwa kwenye joto dogo, na rangi zinaanza kutembea juu yake: manjano ya majani makavu, kahawia, zambarau, mwisho buluu kwenye nyuzi 300 hivi. Kisu unakisimamisha kwenye manjano. Mkuki unauacha ufike buluu, maana unahitaji kupinda kidogo na kurudi kuliko kuwa mkali na kukatika.

Nakuapia, hakuna mandhari ya kichawi uliyoibuni iliyo nzuri kuliko zile rangi zikitembea. Nirudishe haina mwanga, haina maandishi ya kale. Alama yake pekee ni kwamba buluu yake haijafutika, na kila anayeishika anaiona imesogea kidogo kuelekea ncha.

Uzito, urefu, na mkono wa binadamu

Chukua mpini wa mti wa mita 2, unene wa sentimita 2 na nusu. Kwa mti mgumu wa kawaida huo ni kama robo tatu ya kilo. Weka ubapa wa chuma wa gramu 400. Una mkuki wa kilo moja na kitu, unaobebeka siku nzima. Basi usiniletee shujaa anayerusha mkuki wa kilo 20, labda kama ni jitu. Na ukisema ubapa ni wa dhahabu tupu, ubapa ule ule sasa unakaribia kilo nzima, maana dhahabu ni nzito mara mbili na nusu ya chuma, halafu utapinda ukigonga mfupa. Dhahabu iweke kwenye mapambo. Rumanyika wa Karagwe, aliyetembelewa na Speke mwaka 1861 na baadaye Stanley mwaka 1876, alikuwa na hazina ya mikuki na ng'ombe wadogo wa chuma na shaba. Vitu vile havikuwa vya kupigania. Vilikuwa vya kuonyesha nani mfalme, na hiyo ni kazi nyingine kabisa ya mkuki ambayo unaweza kuitumia.

Umbali nao una mpaka. Julius Yego wa Kenya, aliyejifunza mengi kwa kutazama video za warushaji mtandaoni, alishinda ubingwa wa dunia Beijing mwaka 2015 kwa mita 92.72, na mkuki wa michezo wa wanaume una gramu 800 na umbo lililotengenezwa kwa ajili ya kuruka tu. Yule alikuwa bora kuliko wote duniani, amekimbia kwanza, uwanja ni tambarare, hakuna anayemrushia mishale. Mkuki wa vita ni mzito zaidi na unarushwa na mtu mwenye hofu. Hivyo mtu wa kawaida hadithini akimpata adui kwa hatua 30, ameshapiga vizuri. Zaidi ya hapo uchawi umeanza, na msomaji atauhisi bila kuambiwa, mradi mwanzoni umemwonyesha watu wa kawaida wakirusha na kukosa.

Amua pia kama mkuki wako ni wa kurusha au wa kuchoma. Mkuki wa morani wa Kimasai, ule wenye ubapa mrefu mwembamba, una kipande kifupi tu cha mti katikati, pa kushika, na nyuma yake chuma kingine kirefu cha kuchomeka ardhini. Mzito mbele, mzito nyuma. Ukimwona mtu ameuchomeka mlangoni unajua yuko ndani. Maelezo madogo ya aina hiyo yanafanya kazi ya kurasa mbili: mkuki ukiwa umesimama nje ya nyumba isiyo ya mwenyewe, kijiji kizima kimeshaelewa.

Wasimulizi wagombane

Silaha yenye simulizi moja haijawa ya kale. Ya kale husimuliwa na watu wasiokubaliana, na kila mmoja anaisimulia ili ajipendelee.

Mfano wangu mkubwa, na ndio uliozaa Nirudishe, ni mkuki wa ndugu wawili. Waalur na Waacholi wanawaita Gipir na Labongo. Tembo aliingia, Gipir akanyakua mkuki uliokuwa karibu, ambao ulikuwa wa Labongo, akamchoma, na tembo akaondoka nao mwilini. Labongo hakutaka fidia. Hakutaka mkuki mwingine hata uwe mzuri kiasi gani, alitaka ule ule. Gipir akaenda kuutafuta katika nchi ya tembo, akakutana na bibi kizee aliyempa mkuki na shanga. Amerudi, mtoto wa Labongo akameza ushanga mmoja. Gipir naye akataka ushanga ule ule. Mtoto akapasuliwa. Baada ya hapo ndugu wakatengana karibu na Pakwach, kwenye mto Nile, shoka likazikwa kuwa alama ya kutengana. Wajaluo wa Kenya wana ndugu wengine katika simulizi la namna hii, Podho na Aruwa, na ugomvi wa mkuki na ushanga uko pale pale.

Tazama mkuki wenyewe: hauna nguvu yoyote. Hauruki, hauongei. Kilichoufanya uishi vizazi vyote ni mtu mmoja aliyesema hapana, ule ule. Nilipomaliza kulisikia simulizi hilo kwa rafiki mmoja dereva wa malori ya Uganda, nilijua sharti la mkuki wangu litakuwa juu ya kurudishwa.

Kwa hiyo kabla ya kuandika sura ya kwanza, andika masimulizi matatu mafupi ya asili ya mkuki, kila moja kwa mdomo wa mtu mwenye maslahi. Ombaye, koo zenye mvua zinasema Nirudishe ulianguka kutoka kwenye wingu lao, hivyo ni wao. Wahunzi wanasema uliagizwa na mteja ambaye hakuja kuulipia, ndiyo maana haukai kwa mtu. Wanawake wanaochota maji wanasema ulikuwa mchi wa kutwangia, mjane akauchonga ncha usiku mmoja, na kwamba wanaume ndio walioongeza chuma baadaye. Usiamue ipi ni kweli. Ukiamua, utaanza kuandika kwa kumpendelea mmoja na msomaji atanusa.

Kuurusha ukurasani

Urushe mara chache. Katika mfululizo wangu wote mkuki umerushwa mara za kuhesabika kwa vidole vya mkono mmoja, na katikati watu wanaubeba, wanauficha kwenye mafungu ya kuni, wanaugombea, wanaukataa. Na unaporushwa, usitumie wino wako wote kwenye kuruka. Mkuki hewani ni sentensi mbili. Kazi iko kabla, kwenye kuamua, na baada, kwenye kuufuata. Kipande hiki ni cha kwangu:

"Ndarue alirusha asubuhi, umande ungali kwenye majani. Mkuki ukavuka korongo, ukavuka mashamba ya mtama ya watu, ukawa nukta, ukapotea. Akakaa chini kufunga kamba za viatu. Mdogo wake akauliza, 'Umempata?' Akasema, 'Nimempata. Nijazie kibuyu.' Kati yake na mkuki kulikuwa na korongo moja, vijiji vinne, na watu wote waliompenda yule aliyekufa."

Wapo walioniandikia kulalamika kwamba hawakuona damu. Sehemu iliyofuata Ndarue analala katika nyumba ya mama wa yule aliyemwua, kwa sababu mvua imemnyeshea na mlango wa karibu ulikuwa huo. Malalamiko yakaisha.

"Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu," wanasema. Kila anayeurusha Nirudishe lazima awaone binadamu. Sharti limemlazimisha.

Jina na mapambo

Hapa sikai sana. Jina liwe fupi, litamkike kwa hasira, na liwe limetolewa na waliouogopa au walioubeba. Majina ya kujisifu, Mharibu-Milima na ndugu zake, yanachosha yakitajwa mara ya pili. Mapambo, moja linatosha. Ngozi iliyofungwa mahali pa kushika, imelowa jasho la watu wengi, inaongea kuliko kito chekundu.

Mpe mtu mkorofi

Sharti likishakamilika, liandike kwenye karatasi kwa sentensi moja au mbili, umpe mtu mbishi unayemfahamu alitafutie tundu. Usimpe mpenzi wa hadithi zako, atakuonea huruma. Mimi nampa kijana wa karakana, ambaye hasomi kitu ila mikeka ya mpira.

Alisoma la Nirudishe akacheka. "Bosi, si afunge kamba? Arushe, avute."

Tundu linaweza kuzibwa, linaweza kutozwa bei, au linaweza kupewa mhusika mjanja alitumie mpaka limkamate. La kamba nimelichukua kwa njia ya tatu. Kuna ukoo wa wasokota katani, nao wakasokota kamba ndefu kuliko zote, wakaifunga kwenye mpini, kijana wao akarusha. Mkuki ukampata mtu wao waliyemtaka, ng'ambo ya korongo. Wakavuta. Kamba ikaja nyepesi, na mwisho wake ulikuwa na fundo lililofunguliwa vizuri, bila kukatwa. Maana yake kuna mtu ng'ambo ameukaribia mkuki, ana vidole vyenye subira, na bado hajaung'oa.

Kisha yule kijana wa karakana akauliza la pili: je, mrushaji akiwa hana miguu? Hilo nimelizibia moja kwa moja kwenye sharti: "kwa miguu yake au kwa namna anayotembea kila siku." Kuna mhusika anayetambaa, na yeye ndiye pekee katika Ombaye anayerusha karibu kwa makusudi, akiwa ameshapima kwa macho mawe, mteremko na matope kabla hajanyanyua mkono. La tatu lilikuwa: je, akiurusha juu, angani, kwenye wingu lenyewe? Nikamwambia arudi kwenye geti la watu, mteja anakuja saa kumi. Wiki hiyo hiyo nikaanza kuandika sehemu ya Ndarue na wingu la ukoo wa Saka.